Mahubiri ya Witherspoon Hayakuandikwa Kuisifu Marekani

Mwaka huu wa 2026, Marekani inapotimiza miaka 250 tangu Tangazo la Uhuru la tarehe 4 Julai 1776, jina la John Witherspoon limerudi midomoni mwa watu wengi. Alikuwa mchungaji wa Kipresbiteri, mkuu wa chuo ambacho leo ni Chuo Kikuu cha Princeton, na mtumishi pekee wa kanisa aliyekuwa kazini miongoni mwa watu 56 waliotia saini tangazo hilo. Wanaodai kwamba taifa hilo lilizaliwa likiwa la Kikristo humwita kuwa shahidi wao wa kwanza. Wanaosema kwamba uhuru uliotangazwa mwaka huo ulikuwa wa weupe peke yao nao humwita ushahidini, kwa kuwa alimiliki watumwa, na mwaka 2022 baadhi ya watu wa Princeton waliwasilisha ombi la kutaka sanamu yake iondolewe chuoni. Pande zote mbili humnukuu kwa sentensi mojamoja, kila upande ukichukua ile inayoufaa. Ninavyoona, zote zimeukosa uti wa maandishi yake. Uzalendo wa Witherspoon ulisimama juu ya imani moja ya kidini isiyofurahisha hata kidogo: kwamba binadamu yeyote, awe mfalme, mbunge au mchungaji, ni mwenye dhambi, na kwa hiyo hafai kupewa mamlaka yasiyo na kizuizi juu ya binadamu mwenzake. Imani hiyo ilimfanya aikatae London, ikalifanya kanisa lake lisitake fimbo ya serikali, na ndiyo hiyo hiyo inayomtia hatiani katika suala la utumwa.

Ili kumwelewa ni lazima kuanzia Uskoti, alikozaliwa mwaka 1723 katika kijiji cha Gifford, mashariki mwa Edinburgh, akiwa mtoto wa mchungaji. Alipokabidhiwa usharika wa Beith mwaka 1745, kanisa la Uskoti lilikuwa limegawanyika juu ya swali ambalo mtu wa leo angeweza kulidharau: nani ana haki ya kuchagua mchungaji wa usharika? Sheria ya Bunge la Uingereza ya mwaka 1712 ilikuwa imewapa wenye ardhi na wakubwa wengine haki ya kumpendekeza mchungaji, na mara nyingi waumini waliletewa mtu wasiyemtaka. Witherspoon alisimama upande wa waumini. Mwaka 1753 alichapisha, bila kuweka jina lake, kijitabu cha kejeli kilichowachekesha wengi na kuwakasirisha wengine, akiwasuta wachungaji wenzake waliojipendekeza kwa mabwana, waliopenda falsafa ya kisasa kuliko mafundisho ya toba, na waliodhani kwamba adabu za sebuleni zinatosha kuwa dini. Kwa hiyo, zaidi ya miaka ishirini kabla ya kutia saini chochote huko Philadelphia, alikwisha kushika wazo kwamba mamlaka inayopangwa kutoka mbali, na watu wasioathirika na maamuzi yao, huharibu dhamiri za wanaotawaliwa.

Na asidhaniwe kuwa mwasi kwa tabia. Uasi wa Wajakobiti, waliotaka kuirudisha kwenye kiti cha enzi familia ya kifalme ya Stuart iliyoondolewa, ulipozuka mwaka 1745, aliwaongoza wanamgambo wa kujitolea kutoka Beith kwenda kumtetea Mfalme George II, na mwezi Januari 1746, baada ya mapigano ya Falkirk, akakamatwa na waasi na kufungwa katika ngome ya Doune. Mtu aliyeonja kifungo kwa ajili ya taji la mfalme huyo ndiye aliyekuja, miaka thelathini baadaye, kulikataa taji la mjukuu wake, George III. Badiliko la namna hiyo halielezeki kwa hamaki. Linahitaji hoja, na hoja yenyewe imeandikwa.

Aliwasili New Jersey mwezi Agosti 1768, baada ya Benjamin Rush, aliyekuwa akisomea udaktari Edinburgh, kumbembeleza mkewe Elizabeth aliyeiogopa safari ya bahari. Chuo alichokikuta kilikuwa na madeni na wanafunzi wachache. Alikijenga upya, akafundisha mwenyewe falsafa ya maadili, na miongoni mwa waliopita mikononi mwake alikuwemo James Madison, aliyekuja kuwa rais wa nne wa Marekani, aliyehitimu mwaka 1771 kisha akabaki kwa muda kuendelea kusoma chini yake.

Andiko lake maarufu kuliko yote ni mahubiri aliyoyatoa Princeton tarehe 17 Mei 1776, siku ambayo Kongresi ya Bara, baraza la wawakilishi wa makoloni, iliitenga iwe ya kufunga na kuomba katika makoloni yote. Aliyajenga juu ya Zaburi ya 76, mstari wa 10, unaosema kwamba hata hasira ya wanadamu mwishowe humletea Mungu sifa. Anayeyafungua kwa mara ya kwanza akitarajia tarumbeta za vita atashangaa. Sehemu ndefu ya mwanzo haigusi kodi, wala chai, wala bunge. Inahusu uovu wa moyo wa binadamu, na vita vyenyewe vinaletwa kama ushahidi wa uovu huo: watu wanauana, na wanaouana ni ndugu wa lugha moja na imani moja. Anapofika kwenye matumizi ya somo, swali la kwanza analowauliza wasikilizaji linahusu hali ya roho zao mbele ya Mungu. Uhuru wa nchi unakuja baadaye. Hapo ndipo anapowaambia kwamba wao wenyewe ni mashahidi wake kuwa ni mara ya kwanza kwake kuleta jambo la siasa mimbarini.

Kisha inakuja hoja ambayo, kwa maoni yangu, ndiyo moyo wa andiko zima, ingawa hainukuliwi mara nyingi. Anasema hakatai madai ya Waingereza kwa sababu wao ni wafisadi au waasherati, ijapokuwa anadhani wengi wao ndivyo walivyo. Anayakataa kwa sababu wao ni binadamu, na binadamu hawezi kuepukana na upendeleo wa nafsi yake. Anakwenda mbali zaidi na kusema kwamba hakuna mtu ambaye angekubali kuikabidhi mali yake, nafsi yake na familia yake kwa jirani, hata kama angeruhusiwa kumchagua bwana mwenye hekima na wema kuliko wote, na kwamba umbali wa Waingereza na kutojua kwao mambo ya makoloni kunaufanya utawala wa busara usiwezekane. Hii si lugha ya kumchukia adui. Mtu aliyejengwa juu ya chuki angehitaji Waingereza wawe wabaya kuliko Wamarekani, lakini Witherspoon hakuhitaji hilo hata kidogo. Katika mahubiri hayo hayo anawaonya watu wake dhidi ya majivuno, akitoa mfano wa Goliathi alivyotoka na silaha zake nzito kumkabili kijana Daudi, na anasema kwamba majivuno ni namna ya kumtukana Mungu mwenye kuongoza mambo yote, na yakishaenea katika roho ya taifa huwa ni dalili ya kuangamia kwake. Baada ya hapo anashuka kwenye mambo ya kawaida: watu wafanye kazi kwa bidii, wapunguze matumizi nyumbani mwao, askari waheshimu nidhamu. Ni vigumu kulitoa andiko la namna hii kwenye sherehe za fataki bila kwanza kulikatakata.

Wanaomtumia kuthibitisha taifa la Kikristo wana sentensi yao, nayo ni ya kweli: alisema hasiti kumwita adui wa Mungu adui wa nchi yake, na kwamba rafiki bora wa uhuru wa Marekani ni yule anayeistawisha dini ya kweli isiyo na doa. Wana ushahidi mwingine wenye nguvu zaidi, na sioni sababu ya kuuficha. Katika mihadhara yake ya falsafa ya maadili, alifundisha kwamba mtawala ana wajibu wa kuistawisha dini kwa mfano wake mwenyewe na ana haki ya kuadhibu kufuru za hadharani. Alipokuwa mjumbe wa Kongresi, aliandika tangazo la siku ya shukrani la mwaka 1782 lililoitaja dini ya kweli kuwa msingi mkuu wa ustawi wa umma. Kwa hiyo wanaomgeuza kuwa mtetezi wa dola isiyojali dini kabisa wanajidanganya. Aliamini kwa dhati kwamba jamhuri isiyo na watu wenye maadili haidumu, na kwamba maadili yasiyo na dini ni mti usio na mizizi.

Lakini kutoka hapo hadi kusema kwamba alitaka dola iwe na dini yake ni kuruka mto bila kuupima, na hii ndiyo hoja dhaifu kuliko zote zinazotolewa kwa jina lake. Udhaifu wake unaonekana katika aya ileile inayonukuliwa. Mara tu baada ya maneno kuhusu adui wa Mungu, Witherspoon anawaonya wasikilizaji wasidhani kwamba anawataka wawe na bidii ya hasira juu ya mambo ya pembeni ya dini au ugomvi wa dhehebu hili na lile, na anasema hataki wapinge dini ya mtu yeyote, anataka wapinge uovu wa kila mtu. Wanaonukuu sentensi ya kwanza na kuiacha ya pili hawawezi kujitetea kwamba hawakuiona. Tena kuna yale ambayo kanisa lake lilifanya baada ya vita, naye akiwa miongoni mwa viongozi wake wakuu. Ungamo la Imani la Westminster, hati ya mafundisho ya Wapresbiteri iliyoandikwa katika miaka ya 1640, liliwapa watawala wa serikali wajibu wa kuzima uzushi na mamlaka ya kuitisha sinodi, yaani mabaraza ya kanisa. Mwaka 1788 sinodi ya New York na Philadelphia ilizibadilisha sura zenye maneno hayo na kuyaondoa mamlaka hayo. Katika utangulizi wa katiba mpya ya kanisa, ambao kwa kawaida yeye hutajwa kuwa mwandishi wake, Wapresbiteri walitangaza kwamba Mungu peke yake ndiye Bwana wa dhamiri, na kwamba hawatamani kuona chombo chochote cha dini kikisaidiwa na dola zaidi ya ulinzi unaotolewa kwa usawa kwa wote. Mkutano Mkuu wa kwanza wa kanisa hilo ulipokaa Philadelphia mwaka 1789, yeye ndiye aliyeufungua kwa mahubiri. Kanisa lililokuwa na kila sababu ya kudai malipo kwa kuunga mkono upande ulioshinda liliandika kwamba halitaki upendeleo. Sababu yake ni ileile ya mwaka 1776: mtawala ni binadamu, na ukimpa funguo za kanisa atazitumia kama binadamu.

Haimaanishi kwamba Wapresbiteri wote walikuwa wamelielewa somo. Huko Virginia, mjadala wa kodi ya kuwalipa walimu wa dini ulipopamba moto, Madison alilalamika mwaka 1785 kwamba makasisi wa Kipresbiteri walikuwa tayari kusimamisha kanisa la dola mradi liwajumuishe wao, ilhali walikuwa wamelibomoa lile lililowaacha nje. Baadaye walibadili msimamo na kuipinga kodi hiyo. Wengine husema Madison aliichota kwa Witherspoon imani yake kwamba madaraka ni lazima yagawanywe kwa sababu watu si malaika. Inawezekana kwa sehemu, lakini Madison alisoma mengi, na kumrudishia mwalimu mmoja kila wazo la mwanafunzi mwenye akili nyingi ni kumwonea mwanafunzi.

Upande wa pili kuna hoja kwamba dini katika maandishi haya ni kitambaa tu kilichofunika siasa. Hoja hii ina mvuto kwa sababu Biblia ileile ilitumika kufundisha kinyume chake. John Wesley, mwanzilishi wa Umethodisti huko Uingereza, alichapisha mwaka 1775 waraka wa kuyasihi makoloni yatulie na kumtii mfalme, na wachungaji wengi wa Kianglikana katika makoloni yenyewe waliirejea sura ya 13 ya Waraka kwa Warumi, inayoamuru kila mtu atii mamlaka iliyo kuu. Ikiwa kitabu kimoja kinaweza kuleta majibu mawili, basi, wanasema, jibu lilitoka kwenye siasa za msomaji. Jibu langu ni kwamba kutofautiana kwa wasomaji hakuthibitishi kwamba hakuna aliyesoma. Witherspoon alikuwa akifundisha habari ya upotovu wa moyo wa binadamu tangu siku za Beith na za Paisley, usharika wake wa baadaye huko Uskoti, mahali ambapo mafundisho hayo hayakumletea faida yoyote ya kisiasa na yalimwongezea maadui ndani ya kanisa. Kama kilikuwa kitambaa, alikishona miaka mingi kabla ya kujua angekuja kufunika nini. Gharama nayo inafaa kupimwa. Jeshi la Uingereza lilikikalia chuo chake mwishoni mwa mwaka 1776 na kukiacha kikiwa gofu, na tarehe 4 Oktoba 1777 mwanawe James aliuawa katika mapigano ya Germantown.

Kuhusu swali kama mchungaji ana haki ya kuwa mbunge, alikuwa na jibu ambalo bado linachekesha. Katiba ya Georgia ya mwaka 1777 iliwakataza makasisi kuingia bungeni. Witherspoon aliandika barua akipendekeza kifungu hicho kikamilishwe kwa sharti moja: kwamba kasisi akivuliwa daraja lake kwa sababu ya matusi, ulevi au uchafu wa mwenendo, basi arudishiwe mara moja haki zote za raia huru. Wasomaji wa Kenya wanaoukumbuka mwaka 1990, mchungaji wa Kipresbiteri Timothy Njoya alipotumia mahubiri ya siku ya mwaka mpya kuukosoa utawala wa chama kimoja, watautambua ukoo wa hoja hiyo, kwa kuwa kanisa lake nalo ni tunda la wamisionari wa kanisa lilelile la Uskoti.

Imebaki habari ya utumwa, na hapa sina haraka. Mwaka 1756 alikuwepo Beith kijana mtumwa aliyeletwa kutoka Virginia na mfanyabiashara Robert Shedden ili afundishwe useremala. Witherspoon alimfundisha imani, akambatiza kwa jina la James Montgomery, na akampa cheti cha mwenendo mwema. Shedden hakufurahi, akaamua kumrudisha Virginia. Kijana akatoroka. Tangazo la kumtafuta lililochapishwa gazetini mwezi Mei mwaka huo lilieleza kwamba ana kovu la kina juu ya jicho moja alilolipata kwa teke la farasi, kwamba amebeba cheti kinachomwita Jamie Montgomerie kilichotiwa saini na mchungaji John Witherspoon, na kwamba atakayemkamata atalipwa gini mbili. Walimpata Edinburgh. Shauri lake likafika mahakamani, nalo lingeweza kuwa la kwanza kuamua kama utumwa una uhalali Uskoti, lakini kijana alifariki gerezani kabla ya hukumu. Mchungaji aliyekiandika cheti kile hawezi kutetewa kwa kisingizio kwamba watu wa zama zake hawakuona. Alimwona mtumwa mmoja kwa karibu, akamwandika kwa jina na kulithibitisha kwa saini yake.

Akiwa Princeton, alikubali kuwafundisha Bristol Yamma na John Quamine, Waafrika wawili walioachwa huru waliotumwa kwake mwaka 1774 ili waandaliwe kwenda kuhubiri Afrika. Darasani alifundisha kwamba kumnyang'anya mtu uhuru wake kwa sababu tu una nguvu kumzidi ni kinyume cha haki. Lakini katika mhadhara huohuo aliongeza kwamba wale waliowakuta watu tayari wakiwa watumwa hawalazimiki kuwaachia huru iwapo uhuru huo utawaangamiza. Mwaka 1790, akiwa katika bunge la New Jersey, aliongoza kamati iliyoulizwa kuhusu kukomesha utumwa, nayo ikapendekeza lisifanyike lolote kubwa, kwa matumaini kwamba kwa jinsi fikra za uhuru zinavyosonga mbele, baada ya miaka 28 huenda hapatakuwa na mtumwa hata mmoja Marekani. Alipofariki tarehe 15 Novemba 1794, orodha ya mali zake ilikuwa na watumwa wawili, kila mmoja akikadiriwa dola 100.

Wanaomtetea husema alikuwa mtu wa hatua kwa hatua, na kwamba baadaye New Jersey ilifuata njia yake kwa sheria ya mwaka 1804 ya kuukomesha utumwa polepole. Wanaomshutumu husema mahubiri yake yalikuwa unafiki tangu neno la kwanza. Wa kwanza wanasahau hesabu: miaka 28 ilipokwisha mwaka 1818, utumwa ulikuwa bado hai, na sensa ya mwaka 1820 ilihesabu watumwa zaidi ya 7,000 katika New Jersey peke yake. Wa pili wanakosea kwa namna nyingine, kwa sababu unafiki ungemaanisha kwamba hoja yenyewe ilikuwa ya uongo. Hoja ilikuwa ya kweli kuliko alivyoweza kuistahimili. Alikuwa amewaambia watu wa Princeton kwamba hata bwana mwema, akiwa na mamlaka asiyoulizwa, atajipendelea. Kisha akaketi kwenye kamati iliyojaa mabwana na kukubali kwamba wao ndio waamue, kwa wakati wautakao, lini watu waliowashikilia watakuwa tayari kwa uhuru. Bunge la London lilikuwa limesema hivyo hivyo kuhusu makoloni, na mwaka 1776 yeye hakulikubalia hata mwaka mmoja wa kungoja.

Kwa hiyo wanaotaka kuyachapisha upya mahubiri yale mwaka huu, au kuyasoma makanisani, wana kazi ngumu kuliko wanavyofikiri. Hayawezi kutumika kuitukuza nchi bila kukiruka kipande cha majivuno, wala kuitetea dini ya dola bila kuifuta sentensi ya madhehebu. Wala wanaoipinga sanamu hawana haja ya kuyatupa, kwa sababu shitaka kali kuliko yote dhidi ya mwandishi limo ndani ya mahubiri yenyewe. Sheria ile ya 1804 iliwahusu watoto waliozaliwa na mama watumwa kuanzia tarehe 4 Julai ya mwaka huo, na hata hao waliamriwa kumtumikia bwana wa mama, wasichana hadi miaka 21 na wavulana hadi miaka 25. Wazazi wao haikuwagusa, na sensa ya mwaka 1860 bado iliandika watumwa 18 katika jimbo lile lile ambako Witherspoon alihubiri.